Pazia Mbele ya Cherehani

Siku ya kuniaga ofisini walininunulia keki, saa ya ukutani, na kadi iliyotiwa sahihi na watu ambao wengine wao sikuwahi hata kuwaona. Kisha msichana mmoja wa masijala, mwenye adabu zake, akaniambia, "Mama Mutuku, tuandikie basi jinsi kazi ilivyokuwa zamani." Nilicheka. Zamani kazi ilikuwa hii hii: watu wanaumia, wanangoja, wanaambiwa warudi wiki ijayo. Kilichobadilika ni mashine tu. Lakini nimestaafu, sina pa kwenda asubuhi, na saa ile inanitazama kutoka ukutani kana kwamba nimechelewa mahali. Basi naandika. Nani alipandishwa cheo na nani alilipwa nini hamtayapata humu. Hayo yalinichosha hata yalipokuwa yangu.

Nilianza katika miaka ya sabini, kwenye ofisi ya wakili mmoja Eastleigh, ghorofa ya kwanza, juu ya duka la vitambaa la Bi Safia. Wakili alikuwa na jina lake, lakini sote tulimwita Wakili tu, naye akapenda iwe hivyo. Kesi zetu nyingi zilikuwa za ajali za barabarani. Wakati ule mitaa mipya ilikuwa ikijengwa upande wa Buru Buru na Umoja, na malori ya mchanga na kokoto yalikuwa yakishindana kwenye Jogoo Road mchana kutwa. Barabara ile ilitulisha, Mungu atusamehe.

Siku ya kwanza nilikwenda nikidhani nitapiga chapa. Nilikuwa nimetoka chuo cha makarani, na vidole vyangu kwenye taipureta vilikwenda kama mvua ya mabatini. Karani mkuu, Mzee Wafula, mtu wa Bungoma aliyevaa sweta hata mwezi wa Januari, alinitazama juu ya miwani, akaenda kwenye kona, akanirudia na benchi la mbao. "Lipeleke chini kwenye baraza ya Bi Safia," akasema. "Ofisi yako ni hapo."

Nilidhani ananitania. Hakuwa akinitania. Mzee Wafula alikuwa na sheria yake ambayo haikuandikwa katika kitabu chochote cha Wakili: aliyeumia hapandi ngazi, karani ndiye hushuka. Basi miaka yangu ya kwanza niliipitisha kwenye benchi lile, kati ya majora ya kitenge na pamba, nikiandika habari za miguu, mbavu na vichwa, huku Bi Safia akipima yadi nyuma yangu na kuwaletea wagonjwa chai ya tangawizi bila kuombwa. Mawakili wa siku hizi wana lifti. Nimeona pia kwamba lifti ikiharibika, hakuna anayeshuka.

Vifaa vyetu vilikuwa taipureta moja, ambayo herufi yake ya "e" iliruka juu ya mstari hata makarani wa mahakama wakawa wanazijua hati zetu kwa mbali, na karatasi za kaboni. Ukitaka nakala nyingi, unapanga karatasi na kaboni kama mkate na siagi, kisha unagonga kwa nguvu zako zote. Nakala ya juu ilisomeka na kila mtu, ya katikati ilisomeka na mwenye macho mazuri, ya mwisho ilisomeka kwa imani. Faili tulizishona kwa sindano ya magunia. Mishono yangu ilikuwa mibaya, na hilo nalitaja kwa sababu litarudi.

Mzee Wafula hakuwa mtu wa kufundisha kwa kukukalisha chini. Alitupa neno akipita. Alisema usimwahidi mteja kitu, hata kama Wakili amemwahidi. Alisema nenda nyumbani kwa mteja kabla ya kesi, uone jinsi anavyoishi na ule ulemavu wake. Na siku niliyomuuliza rufaa ni nini hasa, kwa sababu chuoni tulifundishwa kuipiga chapa tu, aliniambia: "Rufaa ni kumpeleka mgonjwa yule yule kwa daktari mwingine, ila huyu wa pili haruhusiwi kumgusa. Anasoma tu alichoandika yule wa kwanza." Niliona ni maneno ya mzee aliyechoka. Sikujua bado.

Sasa nije kwa Mama Njeri.

Alikuwa fundi wa nguo, mkazi wa mtaa wa Bahati, mwanamke mnene kidogo mwenye sauti ya chini, na kwenye line yao ya nyumba hakuna bibi harusi aliyeolewa bila kupita kwenye tepu yake. Vitambaa alivinunua kwa Bi Safia. Jioni moja alikuwa akirudi nyumbani na mzigo wake kichwani, akitembea kando ya barabara kabisa, pale pa kutembea watu, lori la mchanga likaacha lami likamfuata. Dereva alisema breki zilikataa. Mama Njeri alilala hospitalini miezi, na alipotoka mfupa wa paja ulikuwa umeunga vibaya na nyonga imekaza kama bawaba yenye kutu. Hakuweza kuketi kama watu. Alijiegemeza kwenye stuli ndefu, mguu ule ameunyosha mbele, na ndivyo alivyokuwa kwenye baraza ya Bi Safia siku nilipoandika maelezo yake.

"Daktari anasema nini, mama?" nikamuuliza.

"Anasema mguu unaweza kupasuliwa tena, uvunjwe na unyooshwe. Lakini isiwe kesho kutwa, msichana wangu. Nyonga ikishakauka, hapo basi tena. Na pesa ya kupasuliwa sina."

Hilo ndilo lililokuwa likitafutwa, nanyi mlishike. Hakuwa akitafuta utajiri. Alitaka fidia itakayotosha upasuaji wa pili, na aipate kabla nyonga haijakauka.

Kama ilivyo desturi ya Mzee Wafula, tulikwenda Bahati kuona anavyoishi. Tulituma habari mapema, kwa heshima. Tukakuta chumba kimefagiliwa, viti vimevalishwa vitambaa vyeupe vya kufuma, cherehani imefunikwa shuka mlangoni, na chai ya maziwa imeshatiwa kwenye chupa. Mume wake, Baba Njeri, alikuwa amestaafu kazi ya reli. Alikuwa mzee wa kanisa, mrefu, mwenye kofia ya rangi ya kahawia ambayo aliivua akiingia na kuiweka magotini. Bwana na bibi wakigombana kwenye line ile, yeye ndiye aliyeitwa. Aliombea chai, tukanywa, tukauliza maswali, tukajibiwa kwa ufupi na kwa adabu. Mama Njeri alisema kushona anashona kidogo kidogo, kwa shida. Mzee Wafula aliandika: kwa shida. Tukaaga.

Kesi ilisikizwa mbele ya hakimu, na Wakili hakuwa na wasiwasi. Karatasi za daktari zilikuwepo, dereva alikuwa ameshakiri. Kilichobaki ni kiasi cha fidia tu. Ndipo wakili wa kampuni ya bima akamwita shahidi wake, kijana mtanashati mwenye kalamu mfukoni, na kijana huyo akatoa gauni kwenye mfuko wa karatasi. Lilikuwa la buluu, lenye kola nyeupe. Alisema alikwenda Bahati kama mteja, akaagiza gauni la mke wake, akasimama barazani akitazama likishonwa. Cherehani ilikuwa ikienda kasi. Fundi alikuwa akiimba.

Mama Njeri akarudishwa kizimbani.

"Gauni hili unalijua?" akaulizwa.

"Nalijua. Nimelishona mimi."

"Kwa cherehani gani?"

"Ile yangu."

"Ni ya umeme?"

"Ya kukanyaga."

"Na umelishona vizuri?"

Alilichukua, akalipindua, akatazama pindo lake. Nilimwona akijisahau kidogo, fundi akiwa na kazi yake mkononi. "Si baya," akasema.

Wakili akasimama kumwokoa. "Mama, mwambie Mheshimiwa. Unaumia unaposhona?"

Mama Njeri alitazama nyuma ya chumba, alipokuwa ameketi mume wake na kofia yake magotini. Nilidhani anatafuta nguvu. "Naumia," akasema. "Lakini nguo za watu lazima ziishe."

Hakimu akaandika. Hukumu ilipotoka, sikumbuki yote, nakumbuka mstari mmoja kwa sababu niliupiga chapa mara nyingi baadaye: aliyekuwa akishona bado anashona. Akapewa fidia ya maumivu na ya kulala hospitalini. Ya kupoteza kazi hakupewa, na ya upasuaji hakimu aliiona si ya lazima. Ilitosha kulipa hospitali ya kwanza na kumwacha alivyo. Wakili akasema tutakata rufaa fidia iongezwe, na Mama Njeri akaitikia kwa kichwa kama anayeambiwa bei ya nyama.

Jumamosi moja baada ya hapo nikaenda Bahati. Sikwenda kwa upelelezi. Sketi yangu ya kazini ilikuwa imeng'aa makalioni, na niliona afadhali mama wa watu apate kazi kutoka kwangu. Nilinunua kitambaa kwa Bi Safia, nikafunga vifungo kwenye kipande cha gazeti, nikatembea. Sikutuma habari.

Kutoka barabarani niliisikia cherehani. Ilikuwa mlangoni, imeelekea baraza ili ipate mwanga, na mbele yake, kutoka mezani hadi sakafuni, palikuwa na pazia la maua. Siku ya chai sikuliona, shuka lililiziba. Mama Njeri alikuwa kwenye stuli yake ndefu, mguu umenyooka kando, mikono ikiongoza kitambaa chini ya sindano, akiimba wimbo wa kanisani. Alinipokea kwa furaha. Nikamwonyesha kitambaa, nikafungua kile kipande cha gazeti, na kifungo kimoja kikanitoka, kikabiringika, kikaingia chini ya pazia.

Cherehani ikasimama. Wimbo ukasimama. Nikainama kukitafuta kifungo, na kabla sijagusa pazia, mkono ukatokea chini yake. Ulikuwa mkono wa mwanamume, una pete ya ndoa, kucha zina mafuta ya mashine. Ulikuwa umenishikia kifungo changu.

"Asante, mzee," nikasema, kwa sababu mama yangu alinilea vizuri.

Baba Njeri alitoka kwa ndani, akijinyoosha mgongo. Kofia hakuwa nayo. Alinisalimu, akaniuliza habari za nyumbani, akaketi kwenye kiti chenye kitambaa cheupe, akaangalia mikono yake.

"Sasa umeona," akasema Mama Njeri.

Nikauliza kwa nini hakumwambia hakimu.

"Nimwambie nini? Kwamba mzee wa kanisa anakaa miguuni pangu akisukuma pedali kwa mikono? Mimi siwezi. Hata nikikanyaga na huu mguu mzima, nyonga ya huku inavutwa mpaka naona giza. Yeye ndiye mguu wangu. Lakini hilo utalisema mbele ya watu wa Bahati? Kesho ataingia nyumba ya nani amwambie bibi, mheshimu bwana yako?"

"Pazia ni langu," Baba Njeri akasema. "Yeye hakulitaka. Vijana pale kwenye mfereji wa maji wakinikuta hivi watasema buda amekaliwa na bibi, na wazee watasema vivyo hivyo, ila kwa Kikuyu." Akajifuta mikono kwenye suruali. "Hakuna aliyeniuliza kule kortini."

"Ungeulizwa ungesema, mzee?"

"Sijui, mwanangu. Huo ndio ukweli."

Jumatatu nilimweleza Mzee Wafula. Alivua miwani, akaifuta kwa sweta lake, akaivaa tena. "Sisi tulikwenda kama wageni," akasema. "Mgeni huonyeshwa vitambaa vya meza." Kisha akasema mficha uchi hazai, na kwa sauti yake nikajua hawalaumu wale wawili. Alikuwa na huzuni tu. Nyinyi mnaokwenda kutembelea wateja siku hizi, nendeni na kitu cha kushonwa, au kiatu cha kutiwa soli, au nguo ya kufuliwa. Msitume habari. Chai watawapa hata hivyo.

Wakili alifurahi, nami furaha yake ilinitia hofu. Alisema tutawaomba majaji wapokee ushahidi mpya: Baba Njeri ataapa katika hati, aeleze kila kitu. Hakimu alisema bado anashona. Sasa tutaonyesha kwamba anayeshona ni watu wawili.

Baba Njeri akaja akaketi kwenye benchi langu pale barazani. Bi Safia aliona uso wake, akajifanya ana kazi nyuma ya duka.

"Itasomwa kwa sauti?" akaniuliza.

"Huenda, Baba Njeri."

"Mbele ya watu?"

"Mahakama haifungwi mlango."

Alizungusha kofia yake magotini. Nilitaka kumwambia kwamba itasaidia. Neno lilikuwa mdomoni, na Mzee Wafula hakuwepo kunisikia. Sikulisema.

"Andika," akasema.

Akaeleza pole pole ili nisikosee. Kwamba yeye huketi chini, miguuni pa mke wake, ndani ya mlango, na kusukuma pedali kwa mikono miwili tangu asubuhi mpaka mwanga unapoondoka. Kwamba amezoea hata akisikia pumzi ya mke wake anajua mshono unafika kona, naye hupunguza. Kwamba pazia lilitundikwa kwa amri yake. Niliipiga chapa hati ile mimi mwenyewe, na ile "e" ikaruka juu ya mstari katika kila neno, nikaichukia taipureta kama mtu. Akaapa, akatia sahihi. Aliandika jina lake lote, pamoja na cheo chake cha kanisani.

Kisha tukangoja. Lazima mahakama ya chini kwanza ichape mwenendo wa kesi, na makarani wake nao walikuwa na taipureta zao na shida zao. Nilikwenda kuuliza, nikaambiwa nirudi. Nikarudi, nikaambiwa karatasi zimekwisha. Nikapeleka karatasi zetu. Mvua za masika zikaja zikaenda. Mvumilivu hula mbivu, wanasema. Sisi tulivumilia mpaka ikaanza kuoza. Mama Njeri alirudi kwa daktari, na daktari akamwambia wafanye haraka, kana kwamba haraka ilikuwa mikononi mwake.

Rekodi ya rufaa ilipokamilika, nikaanza kuishona chini kwenye baraza. Mama Njeri alikuwa amekuja kununua uzi. Alinitazama kidogo, akashindwa kuvumilia.

"Mishono gani hiyo? Jaji akifungua, kitabu kitamwagika mapajani mwake."

Akaninyang'anya sindano. Pale kwenye stuli ya Bi Safia, mguu umenyooka, akashona kila nakala kwa uzi wake mwenyewe, uzi mweupe wa kushonea suruali, akafunga fundo ambalo alinifundisha na ambalo nimelitumia mpaka siku ya kustaafu. Alishona rufaa yake kwa mkono wake. Ilikuwa nadhifu kuliko hati yoyote iliyowahi kutoka ofisini kwetu, na kwa mara ya kwanza nilianza kutumaini. Naliandika hilo kwa uchungu.

Mahakama Kuu ina ngazi za mawe, na huko hakuna karani anayeshuka. Baba Njeri alimshika mke wake kwapani wakapanda wote wawili, wakipumzika, watu wenye majoho wakiwapita.

Majaji walikuwa wawili. Wakili aliomba ushahidi mpya upokewe. Wakili wa bima akasimama, akashika hati ya Baba Njeri, akasema angependa Waheshimiwa waisikie. Akaisoma kwa Kiingereza, kama ilivyoandikwa. Aliisoma vizuri, kwa sauti ya kupanda na kushuka, akipumzika kila palipo na neno "chini" na kila palipo na neno "miguuni". Mkalimani naye akalirudia kila neno kwa Kiswahili, kwa hiyo tukalisikia mara mbili. Nyuma yangu mtu alicheka, kisha wakacheka wengine. Nilipogeuka nikaona nyuso za watu wa Bahati, waliokuja na kesi zao wenyewe za kodi na mipaka ya vibanda.

Jaji mmoja akauliza kama mume yupo. Baba Njeri akasimama.

"Siku ya kesi ulikuwa wapi?"

"Nilikuwa nimeketi nyuma, Mheshimiwa."

"Uliyasikia maswali aliyoulizwa mke wako?"

"Niliyasikia."

"Ukanyamaza."

"Nilinyamaza, Mheshimiwa."

"Keti."

Hawakuhitaji muda mrefu. Walisema ushahidi mpya ni ule ambao haukuweza kupatikana, na huu ulikuwa chumbani siku ile ile, umeketi. Hati ikakataliwa. Bila ile hati, kilichobaki ni rekodi, na rekodi ilisema: gauni nimelishona mimi, kwa cherehani yangu, ya kukanyaga, si baya. Rufaa ikatupwa. Jaji alifunga kitabu chetu, na ule uzi mweupe haukuwa umelegea hata mahali pamoja.

Nje kwenye ukumbi Wakili alieleza kwa maneno mengi, akatazama saa, akaenda. Tukabaki sisi. Nilitaka kulia, nikaona haya kulia mbele ya mwenye msiba. Mama Njeri alikuwa ameegemea nguzo. Hakuuliza habari za majaji, wala za fidia.

"Sasa mguu?" akaniuliza.

Baba Njeri akamshika kwapani, mimi nikamshika upande wa pili, tukaanza kushuka ngazi.

Habari zilifika Bahati kabla yao. Pale kwenye mfereji vijana walisema walichotarajiwa kusema. Kanisani wazee wenzake walimwambia Baba Njeri, kwa upole mwingi, apumzike kidogo na majukumu, na hakuna aliyemwambia mapumziko yanaisha lini. Mabwana na mabibi waliendelea kugombana, ila waliita mtu mwingine. Hayo alinieleza Bi Safia, maana mimi nilikuwa sithubutu kwenda. Yeye ndiye aliyenieleza pia kwamba daktari amempima Mama Njeri tena na kumwambia asiitafute tena ile pesa, kwa kuwa nyonga imekauka.

Mzee Wafula alistaafu mwaka ule. Aliniachia benchi. Aliniambia kesi ile si ya kwanza wala ya mwisho, na nikamjibu vibaya, jambo ambalo sikuwa nimewahi kulifanya. Hakukasirika. Alisema ukiona haikuumi tena, rudi Ukambani ukalime.

Sketi yangu ilibaki Bahati muda mrefu. Nilivaa ile inayong'aa nikivumilia, mpaka siku moja nikajiona mjinga, nikaenda. Ilikuwa saa za mchana, jua kali, wanawake wamepanga sukuma wiki kando ya njia. Kutoka barabarani niliisikia cherehani, kama siku ile.

Pazia halikuwepo. Baba Njeri alikuwa ameketi kwenye kigoda pale mlangoni, mbele ya watu wote, kofia yake ya kahawia kichwani, mikono miwili juu ya pedali, akisukuma. Mama Njeri juu yake akiongoza kitambaa. Hakuwa akiimba. Walipofika kona alivuta pumzi, na mzee akapunguza, bila kuinua macho. Watu walipita na vikapu vyao. Hakuna aliyecheka, walikuwa wameshazoea.

"Pazia mmelitoa," nikasema, nilipopewa sketi.

"Mzee alikuwa akisikia joto," akajibu Mama Njeri.

Sketi ilinikaa vizuri. Kile kifungo kilikuwa mahali pake. Nililipa, nikaaga, wakarudi kazini, nami sikuweza kuondoka mara moja. Nilisimama na sketi yangu mkononi pale pale barazani aliposimama yule kijana wa bima, na kila kitu kilionekana wazi. Hakuna aliyekuwa akiandika.